Kioo cha Ndani

Alileta kirikuu chake gereji kwangu, Pasua,
kina matope ya Kibosho hadi kwenye vitasa,
akaniambia: ng'oa hiki kioo cha ndani.
Mzee Lubunga, nikamwonya, trafiki wa kiplefti
watakula sahani moja na wewe.
Ng'oa, akasema.
Nikang'oa. Spana namba kumi, dakika mbili.

Kwao hakutaji. Husema "ng'ambo ya ziwa", basi.
Lakini mbege ina tabia ya kufungua
hata mlango uliopigwa misumari,
na Jumamosi moja kilabuni kwa Mama Aikaeli,
kata ilipomfikia mara ya tatu,
alianza kusema, macho yakiwa ukutani.

Miaka kumi na tisa alimwendesha Mtukufu
na hakuwahi kumtazama uso kwa uso.
Alimwona kipande: jicho, nyusi, ncha ya kola,
kile tu kinachoenea kwenye kioo cha shubiri moja.
Akajifunza kukisoma kipande hicho
kama sisi tunavyosoma wingu la Kibo kabla ya kuanika kahawa.
Akifuta miwani, kuna waziri hatalala kwake.
Akicheka peke yake, ni mawaziri wawili.
Na akisinzia (maana alisinzia,
mdomo wazi, mate yakishukia nishani,
kama mtoto aliyeshinda shambani)
Lubunga alikwepa kila shimo, kila jiwe,
akiipa nchi nzima nusu saa ya kupumua.

Msidhani nilimchukia, alisema.
Alimlipia mama yangu operesheni ya mtoto wa jicho.
Aliyajua majina ya wanangu, wote watano,
na shule zao,
na saa wanayotoka.

Kisha kuna usiku ule wa mvua, barabara ya uwanja wa ndege.
Amri ilikuwa taa zizimwe.
Gari likaruka kidogo. Gurudumu la mbele,
halafu, taratibu, la nyuma.
Akatazama kiooni. Jicho halikupepesa.
"Tuta," likasema.
"Ndiyo, Mtukufu. Tuta."

Barabara ile haikuwa na tuta hata moja.
Alikuwa akiipita tangu ujana wake, mchana na usiku.
Kesho yake walipopita tena
lilikuwepo pale pale:
lami mbichi, mistari myeupe, rangi haijakauka.
Akapunguza mwendo, kama sheria inavyotaka.

Mama Aikaeli akajifanya anahesabu chenji.
Mimi nikauliza swali la kijinga, injini yake ilikuwa sisi ngapi.
Akanijibu vizuri kabisa, kwa adabu, akaaga.

Basi ninyi mnaomcheka Majengo,
mnaomwita Mzee Matuta,
ndiyo sababu anasimama kila tuta akishalivuka,
anashuka, anapiga goti kwenye vumbi,
anachungulia chini ya gari,
anapitisha mkono nyuma ya tairi na kuutazama mkono.
Honi zinamtukana. Mikungu inaungua jua.
Anajipangusa suruali, anapanda,
anaendesha hadi tuta linalofuata.
Siku niliyopanda naye kutoka Kiborloni hadi sokoni Mbuyuni
nilihesabu mara kumi na moja.
Mara ya tisa nilishuka nikainama upande wangu,
sijui kwa nini,
nikamwambia: huku pia hakuna mtu, mzee.
Hakushukuru. Alibana midomo tu, akatia gia.

Trafiki walimwandikia elfu thelathini.
Alilipa, akaomba risiti, akaikunja mara nne.

Kioo bado ninacho, kwenye msumari juu ya betri mbovu,
nimekigeuza kitazame ukuta.
Juzi kijana mmoja mwenye kirikuu kama kile
alikiona, akatoa elfu nane taslimu.
Nami sina hata ya mafuta ya taa.
Nikamwambia kimeshauzwa.